Barafu au rangi: uchambuzi wa kesi ya ndoa ya giza huko Selu

Kesi hii imo ndani ya hadithi ambayo bado haijachapishwa. Mwandishi wake ni binti aliyekulia Ukerewe, sasa anaishi Nyakato, na ameniruhusu nimwage mtama wake hadharani ilimradi nisimtaje jina. Hadithi inatokea Selu, sayari ya kubuni yenye watu ambao hawajawahi kukanyaga nchi kavu. Aliisoma kwa sauti, sura kwa sura, katika kikundi chetu cha wasomaji hapa Mwanza, na kila sura ilirudi kwake imechanikachanika. Sitaieleza yote. Nataka kesi moja tu ya sura ya katikati, kwa kuwa humo ndimo unapoona mtu anavyobuni jamii ya majini kweli, na anavyobuni jamii ya nchi kavu kisha akaimwagia maji.

Mteremko wa mwamba unakaliwa na koo mbili. Juu, jirani na uso wa maji, wako Wabuluu. Chini yao wako Wekundu. Umbo moja, lugha moja, chakula kimoja. Kinachowatenga ni rangi ya wanaume, maana wanawake wa pande zote mbili ni wa kijivu, na kila mwanamke huvutwa na rangi ya kwao. Ndoa za mchanganyiko hazikupigwa marufuku. Hakuna aliyewahi kuzitamani. Ndipo maji yanapochafuka. Katika utusitusi ule binti wa Wekundu anaolewa na mwanamume anayemdhani ni wa kwao. Muda si mrefu hewa ya chini inakwisha, Wekundu wanapanda juu kuokoa roho zao, na huko kwenye mwanga binti anamwona mumewe sawasawa kwa mara ya kwanza. Ni buluu. Na yeye tayari amebeba watoto mdomoni, maana ndivyo akina mama wa Selu wanavyolea. Ukoo wa mke unadai ndoa ifutwe kwa ajili ya heshima, ukoo wa mume unadai watoto, baraza linaitishwa.

Hivyo ndivyo kesi ilivyokuwa ilipotufikia. Ilipotoka mikononi mwetu wadai walikuwa wamebadilishana nafasi.

Ganda la barafu

Katika rasimu ya kwanza Selu ilikuwa imefunikwa na barafu nene ya kilomita nyingi. Mwandishi aliipenda barafu ile kuliko kitu chochote kingine: kurasa zake zilikuwa na milio ya mipasuko, na watoto waliofundishwa kwamba dari ya ulimwengu inanguruma kwa sababu ina njaa.

Wala haukuwa upuuzi. Europa, mwezi mmojawapo wa Mshtarii, una ganda la barafu linalokadiriwa kuwa na unene wa kilomita 15 hadi 25, na chini yake wanasayansi wanaamini kuna maji ya chumvi mengi kuliko ya bahari zote za dunia. Enceladus, mwezi wa Zohali, hutema michirizi ya maji angani kupitia nyufa za barafu yake. Chombo cha Cassini kiliibaini mwaka 2005. Oktoba 2024 Marekani ilirusha chombo kiitwacho Europa Clipper, kinachotarajiwa kufika kwenye Mshtarii mwaka 2030. Na tangu mwaka 1977, wanasayansi walipokuta chemchemi za maji moto karibu na visiwa vya Galápagos kwenye kina cha mita zipatazo 2,500, zikiwa zimezungukwa na minyoo mirefu na chaza wanaotegemea bakteria wanaokula kemikali, inajulikana kwamba maisha yanaweza kushamiri mahali ambapo jua halijawahi kugusa. Mwanafunzi wa fizikia aliyekuwa nasi alizitaja hoja hizi zote kwa furaha. Kwake yeye sayari yoyote ya maji isiyo na barafu ni ya kizamani.

Mwalimu wa baiolojia alimsikiliza mpaka mwisho, kisha akamuuliza mwandishi: "Mwanangu, huko chini nani amewasha taa?"

Swali hilo lilitosha. Chini ya kilomita 15 za barafu hakuna mwanga wa jua hata chembe. Mwekundu ni mweusi, Mbuluu ni mweusi, na maji yachafuke yasichafuke hakuna tofauti. Barafu na rangi haziwezi kukaa katika hadithi moja, na kesi nzima imesimama juu ya rangi.

Mwanafunzi hakukata tamaa. Alipendekeza wanaume wa Selu wawake wenyewe, kama wafanyavyo viumbe wengi wa vilindi vya bahari. Kwa upande wa sayansi pendekezo linakubalika: mwanga mwingi wa viumbe wa vilindini ni wa buluu na kijani, na wapo samaki wachache wanaotoa hata mwekundu, ambao majirani zao wengi hawauoni. Wengi katika kikundi walivutiwa. Mimi nililipinga, na bado nalipinga. Mwanga unaouwasha mwenyewe unaweza kuuzima, au ukauwasha wa rangi nyingine. Mara moja mume anakuwa tapeli, kesi inakuwa ya ulaghai, na hukumu inajulikana kabla baraza halijakaa. Uzito wa kisa hiki uko mahali pamoja: hakuna aliyedanganya. Mume hakujificha, mke hakupumbazwa. Maji ndiyo yaliyobadilika katikati yao. Ukimpa mume swichi, umeua hadithi.

Pendekezo la pili, la kuiweka Selu kwenye nyota kibete nyekundu kwa kuwa sayari nyingi zinazogunduliwa ziko kwenye nyota za aina hiyo, halikuchukua muda. TRAPPIST-1, iliyo umbali wa takriban miaka 40 ya nuru na yenye sayari saba zinazojulikana, ni nyota ya namna hiyo. Lakini nyota hizo hutoa zaidi mwanga mwekundu na joto lisiloonekana, na maji humeza vyote viwili haraka. Wabuluu wangekosa mwanga wa kuwafanya wawe buluu.

Basi barafu ikaondoka. Selu ikapewa jua linalofanana na letu na maji yasiyo na kina kikubwa. Mwandishi alizikata zile kurasa mwenyewe, na najua ziliuma, maana ndizo zilizokuwa zimeandikwa vizuri zaidi.

Maji ya rangi gani?

Rasimu ya pili ilitaka kutufurahisha kwa "vilindi vya buluu visivyo na mwisho". Alikuwepo mzee mmoja aliyevua dagaa tangu enzi za karabai mpaka hizi taa za betri na sola, na hakuwa na subira na sentensi hiyo.

"Binti yangu, umekulia Ukerewe," alimwambia. "Lini uliona buluu ukizama? Kule chini ni kama chai ya rangi."

Alisema kweli kuliko hata alivyokusudia. Katika bahari safi, mwanga mwekundu ndio unaokufa kwanza. Ukishuka makumi ya mita unabaki na buluu peke yake, na ndiyo picha inayoonyeshwa kwenye televisheni kila siku. Ziwa letu, Viktoria, ni kinyume. Mwani, udongo na mabaki ya mimea yaliyoyeyuka humeza kwanza buluu, kwa hiyo kadiri unavyoshuka ndivyo mwanga unavyoelekea kwenye njano, chungwa na hatimaye wekundu hafifu. Ndani ya Ghuba ya Mwanza ziko sehemu ambazo kitu cheupe hakionekani kikishazama hata mita moja. Ukitoka kuelekea ziwa kuu maji yanafunguka.

Hapo mwalimu akaleta furu, wale samaki wadogo wa ziwa letu. Wapo furu wa miambani, wale ambao wavuvi wa hapa huwaita mbipi, na kati yao kuna jamaa wawili wanaokaa mwamba mmoja. Mmoja anaitwa Pundamilia pundamilia, dume lake ni la buluu, naye hukaa juu. Wa pili ni Pundamilia nyererei, aliyepewa jina la Mwalimu Nyerere mwaka 1985. Dume lake ni jekundu na njano, naye hukaa chini zaidi, kwenye ule mwanga mwekundu. Majike wa wote wawili ni wa rangi iliyopooza. Macho ya wale wa chini yameegemea wekundu zaidi kuliko ya wale wa juu. Kwenye kisiwa chenye maji maangavu kiasi, kama Makobe, kila jike huchagua dume la aina yake na jamaa hao wawili hawachanganyiki. Mtafiti Ole Seehausen na wenzake walionyesha miaka ya 1990 kwamba ukiwaweka jike na madume hao chini ya mwanga mweupe, anachagua wa kwake. Ukiwaweka chini ya mwanga wa rangi ya chungwa peke yake, hachagui tena. Watoto wa mchanganyiko huzaliwa wazima na wanazaa. Mahali ambapo maji ya ziwa yamechafuka sana, aina mbili zinayeyukiana kuwa moja.

Mwandishi alikaa kimya, halafu akauliza kama alichokuwa akikiandika kilikuwa tayari kinaogelea Makobe. Ndiyo, kwa sehemu kubwa. Mwanafunzi wa fizikia akapata nafasi yake: kama ni furu tu, kwa nini twende sayari nyingine? Aandike makala ya ziwa.

Swali lake lilikuwa zuri, na jibu lake ni lile lililofanya hadithi isimame. Furu hana baraza. Hana mahari, hana wakwe, hajui kwamba babu yake aliishi katika maji safi. Spishi mbili zikichanganyika ziwani hakuna anayelalamika isipokuwa mtafiti. Mwandishi alitaka kuona inakuwaje jambo hilohilo likiwapata viumbe wenye sheria na kumbukumbu, na kwa hilo ilimbidi aondoke duniani. Kitu kimoja kilibadilika papo hapo: mwanga wa vilindi vya Selu ukapinduliwa, kutoka buluu kwenda wekundu. Katika rasimu ya pili Wekundu walikuwa wamewekwa chini kwa bahati tu. Sasa walikuwa chini kwa sababu huko ndiko wekundu unakoonekana, na juu ya mstari fulani mwanamke wa kwao haoni sababu ya kwenda.

Mdai asiyeweza kusema

Nilisema hadithi ilirudi imechanika. Sehemu iliyochanika zaidi ni ya baraza lenyewe, na hapo ndipo ilipopata mwili.

Vitu vya nchi kavu vilikuwa bado vimejaa. Kulikuwa na mapanga ya chuma. Yaliondoka bila ubishi, maana pasipo moto hakuna kuyeyusha chuma wala kuchoma chungu. Kulikuwa na karani anayeandika kwa wino. Kulikuwa na minong'ono ya wazee nyuma ya nguzo.

Minong'ono ndiyo iliyomchekesha mzee wa dagaa. Kwa maelezo yake, usiku ziwani ukigonga ubao wa mtumbwi samaki waliopo mbali wamekwisha kukusikia. Fizikia inamuunga mkono: sauti majini hukimbia takriban mita 1,480 kwa sekunde, zaidi ya mara nne ya kasi yake hewani, na hufika mbali bila kuchoka. Jamii inayoishi humo haina chumba cha faragha. Mtu akimgombeza mtoto wake, mteremko mzima unajua. Baraza halina haja ya mpiga mbiu, lakini pia haliwezi kujitenga kwenda kushauriana.

Siri zitasemwaje basi? Ziwa lilikuwa na jibu, na jina lake ni domodomo, yule samaki mwenye mdomo mrefu kama mkonga. Domodomo hutoa umeme mdogo kutoka mkiani, huutumia kuhisi vilivyo karibu naye gizani, na huwasiliana nao na wenzake. Umeme huo haufiki mbali. Kwa hiyo Waselu wakapewa lugha mbili: sauti kwa mambo ya wote, na umeme kwa mambo ya wawili waliokaribiana. Kiapo cha ndoa kinasemwa kwa umeme. Maana yake kiapo hakina shahidi. Sikuona hili likija, na nadhani hata mwandishi hakuliona mpaka lilipokuwa mezani: kesi ya ndoa ambayo hakuna mtu wa tatu aliyewahi kuisikia ikifungwa.

Kisha akazungumza dada mmoja anayenunua dagaa na mabondo (vibofu vya hewa vya sangara) pale Kirumba, kwenye mwalo ambako wavuvi hushusha samaki. Alikuwa amenyamaza muda mrefu.

"Nyie mmesema huyu mama ana watoto mdomoni," alisema. "Sasa atajiteteaje?"

Hakuna aliyekuwa amefikiria. Jike la furu hutaga mayai, huyachukua mdomoni, na huyatunza humo pamoja na vifaranga wanaoanguliwa kwa majuma kama matatu, akila kidogo sana au asile kabisa. Mwandishi alikuwa amewapa Waselu malezi hayo kwa sababu yalimpendeza, kisha akamwandikia mke hotuba ya kurasa mbili mbele ya baraza. Mama huyo angewatema wanawe kwa kila neno.

Hotuba ikafutwa. Badala yake mke ananyamaza kwa sauti na kusema kwa umeme, na kwa kuwa umeme haufiki mbali, lazima awepo mtu wa kumkaribia, amsikilize na kuyatamka maneno yake kwa wote. Mfasiri huyo atoke ukoo gani? Akitoka kwa Wekundu, Wabuluu watasema amepachikwa. Akitoka kwa Wabuluu, mke hatafunguka. Na aliyesikia ni yeye peke yake, kwa hiyo hakuna wa kumsahihisha. Katika rasimu ya sasa anateuliwa mkunga mzee wa Wabuluu, na kwa maoni yangu ukurasa anaosogea kwa yule mama ndio bora kuliko yote iliyobaki, kwa sababu mwandishi amekataa kutuambia kama mkunga alitafsiri kwa uaminifu. Tunajua tu alichotamka: "Anasema amemtazama. Anasema hata siku ile hakumchagua kwa macho."

Nusu ya kikundi inaamini mama alisema hivyo. Nusu nyingine inaamini mkunga aliyasema mwenyewe, kwa faida ya wale watoto.

Yule dada hakuishia hapo. Aliuliza mahari ilikuwa nini. Ilikuwa kipande cha mwamba wenye mwani mzuri, kilichotolewa na upande wa mume. Na huo mwamba uko wapi? Juu, kwa Wabuluu. Akacheka. "Hawa Wekundu wamekimbia kwao, hawana pa kulala, hawana shamba. Mkwe wao ana mwamba juu. Nani mwenye akili atavunja ndoa hiyo?"

Hapo ndipo wadai walipobadilishana. Ukoo wa mke, uliokuwa ukilia heshima, ghafla ulikuwa na kila sababu ya kutaka ndoa isimame, maana ndiyo hati yao pekee ya kukaa juu. Ukoo wa mume ndio unaotaka ifutwe na mwamba urudi, kwa kuwa leo ni mkwe mmoja na kesho ni mteremko mzima umehamia. Nimesoma hadithi nyingi za sayari za mbali ambamo watu wanapigania heshima tu. Mtu anayeuza dagaa kwa debe haamini heshima isiyo na shamba nyuma yake.

Sheria ya maji kutulia

Kwa nini maji ya Selu yalichafuka? Rasimu ya kwanza ilisema ni volkano, yaani bahati mbaya. Hilo lisingetosha, kwa sababu kesi isiyo na sababu haina wa kuwajibika.

Mwandishi alijenga tabaka mbili. La kwanza ni la sayari yenyewe. Selu inazunguka jua lake kwa njia ndefu iliyovutika, na inapolikaribia, kila baada ya vizazi kadhaa, upepo unavuma kwa nguvu na kuvuruga maji mpaka chini. Hapa ziwani pepo za Kusi hufanya kazi hiyo kila mwaka, kati ya Juni na Agosti. Wanaoishi leo Selu hawajawahi kuiona hali hiyo, lakini wazee wa zamani waliitungia sheria, na sheria haikuandikwa kwa wino: imefungwa katika mafundo ya kamba, husomwa kwa vidole hata gizani. (Wainka wa Amerika Kusini walitunza hesabu zao kwa kamba za mafundo, kwa hiyo si ndoto.) Sheria inasema: ndoa iliyofungwa gizani haivunjwi wala haithibitishwi mpaka maji yatulie, maji yakitulia, mke atazame tena.

Tabaka la pili ni la watu. Safari hii maji hayakutulia. Wabuluu walikuwa wamejifunza kuchota tope lenye rutuba kwenye chemchemi za moto na kulimwaga juu ya miamba yao ili mwani uote haraka. Mwani haukuota kwenye mwamba tu. Uliota ndani ya maji yote, ukazima mwanga, ukafa, ukazama, ukaoza, na kuoza kule kukala oksijeni ya chini mpaka Wekundu wakashindwa kupumua.

Mnyororo huo haukubuniwa. Katika karne ya 20 mbolea na udongo wa mashamba, majitaka ya miji na vumbi na moshi vinavyoanguka kutoka angani viliongeza virutubisho katika Ziwa Viktoria, mwani ukaongezeka sana, na maji ya chini yakaanza kukosa oksijeni kwa miezi mingi ya msimu ambao ziwa halijavurugwa na upepo. Ziwa lenyewe lina kina cha takriban mita 80 tu pale linapozama zaidi, kwa hiyo hakuna pa kukimbilia ila juu. Na majini hewa huwa haba tangu mwanzo: lita moja ya maji ya ziwa yenye hali nzuri hubeba miligramu kama 7 au 8 za oksijeni, ilhali lita moja ya hewa tunayovuta ina zaidi ya 200. Anayepumua maji huishi karibu sana na upungufu. Furu walipatwa na hilo wakati huohuo ambapo sangara, aliyepandikizwa ziwani miaka ya 1950 na 1960 na kuongezeka ghafla miaka ya 1980, alikuwa akiwamaliza. Aina nyingi kati ya mia tano na zaidi hazijaonekana tena. Mwandishi hakumleta sangara Selu, na nakubaliana naye. Adui mwenye meno angewaondolea Wabuluu lawama.

Sasa kesi imekuwa ya kisheria hasa. Mawakili wa Wabuluu (hawaitwi hivyo, lakini ndivyo walivyo) wanasema: mke amepanda kwenye mwanga, amemtazama mumewe, sharti limetimia, na kwa desturi Mwekundu hawezi kumtaka Mbuluu, basi ndoa imekwisha. Wekundu wanajibu: sheria imesema maji yatulie, haikusema mke afukuzwe na hewa mbovu mpaka juu. Maji hayajatulia. Kutazama huko hakuhesabiki. Na aliyezuia maji yasitulie ni huyohuyo anayetaka kunufaika.

Mzee wa dagaa alikuwa na hukumu yake tayari. "Mimi ningeanza na wenye mashamba," alisema. "Ndoa ingesubiri."

Mwandishi alimfuata kupita kiasi. Katika rasimu ya tatu baraza linaamka ghafla na hekima yote: linasimamisha ndoa, linauacha mwamba mikononi mwa mke, linakataza tope kumwagwa popote. Nilimwambia sikuamini. Wanaokaa kwenye baraza lile ndio wenye miamba. Hajawahi kutokea mwenye shamba akajipiga marufuku asubuhi moja kwa kusikiliza mfasiri. Toleo la sasa ni kali zaidi: baraza linaamua kwamba maji hayajatulia, kwa hiyo ndoa inaning'inia na mwamba haurudi, tope linapigwa marufuku kwa miamba mipya tu. Ya zamani, yaani yao, inaendelea. Yule dada wa Kirumba alipolisikia hili alitikisa kichwa akasema sasa ni baraza la kweli.

Kuhusu watoto, uamuzi uko hivi: wasidaiwe na ukoo wowote mpaka rangi itoke. Kwa nje ni busara tupu, kwa kuwa wadogo wote huzaliwa kijivu, na rangi ya dume huja akikomaa. Lakini una tundu kubwa katikati, na mwalimu wa baiolojia ndiye aliyelitia kidole. Rangi itatoka kwa wavulana. Wa kike je?

Wanawake wa Selu hawana rangi, wa juu wala wa chini. Mwekundu wa kike amekuwa Mwekundu miaka yote kwa kitu kimoja tu, yule anayemtamani. Binti aliyezaliwa katika mdomo huu, mwenye macho nusu ya juu na nusu ya chini, hatakuwa wa ukoo wowote mpaka achague mume, na siku atakapochagua atakuwa ameuamua ukoo wake kwa kumtazama mwanamume. Wazee wa pande zote mbili wana sababu ya kuliogopa hilo kuliko ndoa ya mama yake, maana mwamba utamfuata yeye. Mwandishi alikuwa ameifunga sura kwa hukumu. Ameifungua tena na kuanza nyingine, miaka kumi na minne baadaye, yenye mabinti watatu na wachumba wengi kuliko inavyofaa, maji yakiwa bado mazito. Mwanafunzi wa fizikia ndiye anayempigia hesabu za mwanga utakaokuwepo siku ya uchaguzi, kwa kila mita ya kina, na tayari wanagombana kuhusu mita ya sita.